Mgeni Mbele ya Kinu: Kujifunza Mapishi ya Wakhmer wa Kambodia

Aliye na karatasi ya somo hili mkononi na afuate maneno kwa kidole tunapokwenda. Asiye na karatasi asikilize, kisha asome pamoja na mwenzake somo likiisha.

Leo tunasafiri mbali, lakini safari yetu inaishia jikoni. Tunakwenda nchi ya Kambodia, kusini-mashariki ya bara la Asia, kuona jinsi msafiri anavyofundishwa kupika chakula cha wenyeji. Huenda mmoja wenu akauliza: "Mwalimu, sisi tunajifunza kusoma na kuandika. Chakula cha Kambodia kinatuhusu nini?" Swali hilo ni zuri. Katika nchi ile, ujuzi wa kupika ulikuwa umekaa katika mikono na vichwa vya watu, na sehemu kubwa haikuandikwa. Kisha, katika muda usiotimia miaka minne, ujuzi huo ulikaribia kupotea. Tutaona ulivyokaribia kupotea, na tutaona unavyorudishwa.

Katika somo hili mtakutana na majina matatu mageni: kreungi, amoki na prahoki. Ni majina ya vyakula vya Wakhmer. Tumeyaandika kwa namna inayosomeka kwa Kiswahili. Yasomeni mara mbili kwa sauti kabla hatujaendelea.

1. NCHI NA WATU WAKE

Tazameni ramani ya Asia. Tafuteni Thailand, Laos na Vietnam. Kambodia imo kati ya nchi hizo tatu, na upande wa kusini-magharibi inapakana na bahari. Mji wake mkuu ni Phnom Penh. Wenyeji walio wengi ni Wakhmer, na lugha yao ni Kikhmer. Nchi hiyo ilikuwa chini ya Ufaransa tangu mwaka 1863, ikapata uhuru tarehe 9 Novemba 1953.

Chakula cha Wakhmer kimesimama juu ya vitu viwili: wali na samaki. Wali una cheo kikubwa hata katika maneno yao. Mkhmer akitaka kusema "kula", husema nyam bay, yaani "kula wali". Akikutana na jirani njiani humwuliza kama amekwisha kula wali. Haulizi kwa sababu anataka kumpa chakula. Ni salamu tu, kama sisi tunavyoulizana habari za asubuhi.

Samaki nao wanatoka wapi? Wanatoka katika mto mkubwa uitwao Mekong, na katika ziwa liitwalo Tonle Sap. Ziwa hili lina ajabu yake. Kiangazi, maji ya ziwa hutoka kwa mto mmoja yakaingia Mekong. Lakini masika, Mekong hufurika sana, nguvu ya maji yake ikausukuma ule mto mdogo urudi nyuma. Mto hutiririka kinyume, kuelekea ziwani! Ziwa hupanuka mara nne, mara tano au zaidi, likafunika mbuga na misitu. Samaki huingia humo, wakala na kunenepa. Mvua zikiisha, mto hugeuka tena, na samaki hushuka pamoja na maji. Hapo wavuvi huwa wanawangoja.

Mapishi yao ni ya zamani. Mwaka 1296 alifika huko mjumbe kutoka China, jina lake Zhou Daguan. Wakati huo Wakhmer walikuwa na mji mkubwa uitwao Angkor, wenye mahekalu ya mawe ambayo yapo hata leo. Zhou alikaa karibu mwaka mmoja, akaandika aliyoyaona. Aliandika kwamba wenyeji walipika wali katika chungu cha udongo, kwamba walisimika mawe matatu ardhini kuwa meko, na kwamba walitumia kifuu cha nazi kuwa upawa. Aliandika pia kwamba wauzaji sokoni walikuwa wanawake.

Basi, mama zangu, mafiga matatu na upawa wa kifuu mnavijua. Bibi wa Lamu au wa Pemba angaliingia jikoni mle asingalihitaji kuonyeshwa moto unawashwa wapi.

2. ASUBUHI SOKONI

Sasa tuseme wewe ni msafiri. Umefika mji wa Siem Reap, ulio karibu na magofu ya Angkor. Umesikia kwamba yako madarasa ya mapishi kwa wageni, nawe umelipa ada ujifunze. Madarasa ya namna hii yapo pia Phnom Penh na katika miji mingine. Lililo la kawaida huchukua nusu ya siku: huanza asubuhi na kwisha mkiwa mmekaa kula mlichopika wenyewe.

Mara nyingi mwalimu hakupeleki jikoni kwanza. Hukupeleka sokoni. Nayo ni hekima, kwa kuwa mpishi asiyejua kununua hawezi kupika vizuri. Soko huanza mapema, kabla jua halijapanda, kwa sababu samaki huuzwa wakiwa hai. Utawaona kambare wakirukaruka katika mabeseni ya maji. Utaona mafungu ya mboga za majani ambazo huzijui majina. Lakini utaona pia vitu vingi unavyovijua tangu utoto: nazi, ukwaju, ndimu, mapapai mabichi, ndizi, mabiringani, bamia, maboga na majani ya mgomba.

Si ajabu kuvikuta huko. Mgomba asili yake ni upande ule wa dunia, na mpunga wa Asia vilevile ulivuka bahari ukaja kwetu zamani za kale. Tunakula vitu vya babu mmoja kwa mapishi mbalimbali.

Mwalimu atakufundisha kuchagua. Atavunja bua la mchaichai akunusishe. Bua zuri lina harufu kali na linatoa maji, lililokauka halifai. Atakuonyesha mizizi miwili. Wa kwanza ni manjano mabichi, ambayo huacha rangi vidoleni. Wa pili ni wa jamii ya tangawizi, mgumu zaidi, mweupe ndani, wenye harufu kama ya dawa. Wauza dawa za Kiarabu katika pwani yetu waliuita khulinjani. Kwetu umejulikana zaidi kuwa dawa. Kwa Wakhmer ni kiungo cha kila siku.

3. KINU NA MCHI

Mkirudi kutoka sokoni mtavua viatu mlangoni, maana ndiyo desturi. Kisha utapewa kinu.

Kazi ya kwanza ni kutwanga kreungi. Hili ni jina la viungo vibichi vilivyotwangwa pamoja mpaka vikawa kama ugali laini wenye harufu nzuri. Kreungi ndiyo msingi wa vyakula vingi vya Wakhmer. Zipo aina kadha wa kadha, lakini vitu vyake vya kawaida ni hivi:

mchaichai;
khulinjani;
manjano mabichi;
kitunguu saumu;
vitunguu vidogo vyekundu;
majani ya aina moja ya mlimau, ambao tunda lake lina ganda la makunyanzi.

Katika kutwanga kuna utaratibu. Kigumu hutangulia, laini hufuata. Mchaichai hukatwakatwa mwembamba kwanza, kwa kuwa una nyuzi ndefu, kisha hutwangwa pamoja na yale majani. Hufuata khulinjani na manjano. Vitunguu huja mwisho, kwa sababu vina maji mengi. Ukivitia mapema, mchi utateleza na nyuzi za mchaichai hazitasagika.

Hapa mgeni huchoka. Huona mkono unauma, akauliza: "Je, sasa imetosha?" Mwalimu hatazami saa. Husikiliza. Mwanzoni mchi hugonga kwa sauti kavu. Viungo vikilainika, sauti huwa nzito na ya chini. Kisha huchukua kidogo kwa vidole, akapapasa kama kuna nyuzi zilizobaki. Mwisho hunusa. Mtu asisikie harufu ya kitunguu peke yake, wala ya mchaichai peke yake. Zote ziwe zimekuwa moja.

Ndugu wanafunzi, wekeni alama mahali hapa. Kitabu cha mapishi chaweza kuandika "twanga dakika 15". Lakini sauti ya mchi haiandikiki kwa urahisi. Yako mambo ambayo jicho husoma katika karatasi, na yako mambo ambayo sikio na mkono husoma kwa kukaa karibu na ajuaye. Mpishi mwema anahitaji yote mawili. Tutarudi kwenye jambo hili.

4. KUPIKA AMOKI

Chakula ambacho wageni hufundishwa zaidi ni amoki. Ni samaki aliyechanganywa na tui na kreungi, kisha akapikwa kwa mvuke ndani ya jani la mgomba. Hupikwa katika siku za sherehe, nyumbani na katika hoteli. Nitaeleza hatua zake moja moja. Kipimo hiki chatosha watu wanne.

Vitu vinavyohitajiwa:

samaki wa maji baridi asiye na miiba, kama kambare, nusu kilo;
kreungi, vijiko 3 vikubwa;
pilipili nyekundu kavu 2 au 3, zilizolowekwa na kutwangwa, kwa ajili ya rangi;
tui zito la kwanza, yaani kasimele, kikombe 1 na nusu;
yai 1;
maji ya samaki waliotiwa chumvi, kijiko 1 kikubwa;
sukari ya mti wa jamii ya mvumo, kijiko 1 kidogo;
majani ya mgomba.

Hatua ya kwanza. Pitisha jani la mgomba juu ya moto upesi, mpaka ling'ae na kulainika. Jani lisilopitishwa motoni hupasuka. Kata maduara mawili, yaweke pamoja, kisha kunja pembe nne na kuzibana kwa vijiti vidogo. Sasa unalo bakuli la jani.

Hatua ya pili. Weka kando vijiko vichache vya kasimele. Tia iliyobaki kidogo katika kaango, changanya na kreungi na pilipili, ukaange kwa moto mdogo mpaka mafuta ya nazi yaanze kujitenga na harufu itande jikoni. Ipua, iache ipoe.

Hatua ya tatu. Changanya na yai, sukari, maji ya samaki na tui lililobaki. Koroga upande mmoja mpaka mchanganyiko uwe mzito. Tia vipande vyembamba vya samaki, ugeuze taratibu visivunjike.

Hatua ya nne. Wakhmer hutandika majani ya mti wa noni chini ya bakuli. Majani hayo yana uchungu kidogo, na uchungu huo hupunguza uzito wa tui. Mimina mchanganyiko juu yake.

Hatua ya tano. Pika kwa mvuke muda wa dakika 20 hadi 25. Amoki ikiwa tayari hushikana, lakini hutikisika kidogo ukiigusa. Ikiwa kavu kama mkate, imezidi. Mimina juu yake ile kasimele uliyoweka kando, ule kwa wali mweupe.

Utaona kwamba pilipili ni chache. Wengi hudhani nchi zote za upande ule hula chakula kikali. Chakula cha Wakhmer si kikali sana. Wao hutafuta ladha nne zikae pamoja: chumvi, uchachu, utamu na uchungu. Pilipili za kuwasha asili yake ni Marekani, nazo zilifika Asia baada ya Wareno kuanza safari zao za baharini. Kabla yake kulikuwa na pilipili manga, na hata leo pilipili manga ya jimbo la Kampot ni mashuhuri.

5. CHAKULA AMBACHO MGENI HUKIKIMBIA

Kama amoki ni chakula cha sherehe, prahoki ni chakula cha maisha.

Prahoki ni samaki waliosindikwa kwa chumvi. Kumbukeni ule mto unaogeuka. Maji yakishuka ziwani, hasa tangu Desemba mpaka Februari, samaki wadogo huvuliwa kwa wingi mno, kuliko watu wanavyoweza kula. Basi huondolewa vichwa na magamba, huoshwa, hukamuliwa, huanikwa juani kwa muda, hutiwa chumvi nyingi, kisha hufungiwa katika mitungi. Baada ya wiki kadhaa au miezi huwa tayari. Zamani wakulima walisafiri kwa mikokoteni ya ng'ombe mpaka kando ya maji, wakabadilishana mpunga kwa samaki, wakarudi kwao na chakula cha mwaka mzima. Samaki mmoja mdogo anayetumika huitwa riel, na fedha ya nchi nayo huitwa riel.

Harufu ya prahoki ni kali sana. Mgeni akifunuliwa mtungi hurudi nyuma. Lakini asicheke. Sisi wenyewe tuna ng'onda na papa, na mgeni kwetu huziba pua vilevile. Maskini wa Kambodia asiye na nyama hutia kijiko cha prahoki katika mboga, akapata kitoweo. Mchuzi wao mmoja wa zamani, uitwao samlor korko, una mboga nyingi, papai bichi, ndizi mbichi na mchele uliokaangwa na kusagwa. Ukiupika bila prahoki, mwenyeji atakuambia kwamba umepika kitu kingine.

6. MIAKA YA MAJIKO MATUPU

Sasa tufike sehemu nzito ya somo letu.

Tarehe 17 Aprili 1975, jeshi la Khmer Rouge, yaani Wakhmer Wekundu, likiongozwa na Pol Pot, liliingia Phnom Penh. Kwa siku chache tu watu wote walitolewa mjini, hata wagonjwa waliokuwa hospitalini, wakapelekwa mashambani. Fedha ilifutwa. Masoko yalifungwa. Shule zilifungwa.

Kisha jiko la nyumbani nalo likakatazwa. Watu walitakiwa kula pamoja katika majiko ya jumla. Vyungu na sufuria vilikusanywa. Mpunga walioulima kwa mikono yao ulichukuliwa, nao wakapewa uji mwembamba, maji mengi na punje chache za mchele. Aliyeonekana akipika kwa siri, au akiokota chakula porini, aliadhibiwa. Na wako waliouawa kwa sababu hiyo.

Utawala huo uliangushwa tarehe 7 Januari 1979, jeshi la Vietnam lilipoingia Phnom Penh. Katika muda huo wa miaka mitatu na miezi minane, watu kati ya milioni 1.5 na milioni 2 walikuwa wamekufa kwa njaa, kwa maradhi, kwa kazi ya kupita kiasi na kwa kuuawa. Nchi nzima ilikuwa na watu wapatao milioni 8 tu.

Ndugu zangu, lifikirini jambo hili kwa upande wa jikoni. Mtoto wa miaka minane aliyetolewa mjini mwaka 1975 alikuwa na miaka kumi na miwili yalipokwisha. Ndio umri ambao mtoto huketi karibu na mama yake, akakuna nazi, akatumwa kuleta ukwaju, akasikia mchi unavyolia. Yeye hakuona lolote katika hayo. Wazee ndio waliokuwa na ujuzi mwingi zaidi, na njaa iliwaua wengi wao. Bibi alipokufa, alikwenda na kreungi yake. Alijua vipimo vyake kwa kiganja. Hakuwa ameviandika, wala hakupata mtu wa kumwonyesha.

Baada ya hapo vita na shida viliendelea kwa miaka mingi. Mapatano ya amani yalitiwa sahihi Paris tarehe 23 Oktoba 1991, na uchaguzi ulifanywa mwaka 1993.

7. UJUZI UNAVYORUDISHWA

Amani ilipopatikana, wageni walianza kumiminika kwenda kutazama Angkor. Mwaka 1992 Angkor iliandikwa katika orodha ya urithi wa dunia. Mwaka 2019 waliofika Kambodia kutoka nje walikuwa zaidi ya milioni 6.

Wageni hao wanataka kula, na wengine wanataka kujifunza kupika. Hapo kijana wa Kikhmer amepata kazi ya kuwafundisha. Lakini kabla ya kufundisha lazima yeye mwenyewe ajue. Inampasa aende kwa bibi yake, au kwa bibi wa jirani, akaulize: "Ulikuwa ukifanyaje?" Hivyo ada ya mgeni imekuwa sababu mojawapo ya kijana kuketi tena karibu na mzee.

Wengine wameandika. Mpishi mmoja wa Kambodia, Rotanak Ros, alikwenda mikoani akapika pamoja na wazee na kukusanya mapishi yao. Mwaka 2019 alitoa kitabu kiitwacho Nhum. Kitabu chake cha pili, Saoy, kimejengwa juu ya mapishi yaliyoandikwa kabla ya vita na binti wa ukoo wa kifalme, Norodom Rasmi Sobbhana. Oneni nguvu ya maandishi: mapishi yaliyoandikwa kabla ya vita yalipata mpishi baada ya vita.

Lakini kuna hatari, nayo tuseme wazi. Anayelipa ndiye anayechagua. Mgeni hupenda amoki, kwa kuwa ni laini, tamu, na inapendeza machoni ndani ya jani lake. Hapendi prahoki. Basi madarasa mengi hufundisha amoki kila siku, na prahoki hutiwa kidogo au huachwa kabisa. Tukiwaachia wageni peke yao kazi ya kuchagua, kitabaki kile kinachompendeza mpita njia, na kile kilichowalea wenyeji kitasahauliwa. Ndiyo sababu mgeni mwema huuliza: "Nyumbani kwenu mnakula nini siku isiyo na wageni?" Na mwenyeji mwema humjibu kwa mtungi wa prahoki, hata kama mgeni ataziba pua.

8. ADABU ZA MWANAFUNZI MGENI

Ikiwa siku moja utasafiri, iwe Kambodia au kwingineko, ukaingia darasa la mapishi, yafaa ukumbuke mambo haya.

Kwanza, salimu kwa desturi ya mahali. Wakhmer huunganisha viganja viwili mbele ya kifua na kuinamisha kichwa kidogo. Usimguse mtu kichwani, hata mtoto.

Pili, sema mapema kitu usichokula. Asiyeweza kula kamba au karanga kwa sababu ya afya yake asingoje mpaka chakula kiwe mezani. Mwislamu na aulize kuhusu nyama, kwa kuwa nguruwe hutumika sana. Hatakuwa wa kwanza kuuliza: Wacham, kabila moja la Kambodia, ni Waislamu, nao wana mapishi yao.

Tatu, twanga mwenyewe. Usimpe mwenzako mchi ukabaki kutazama. Ulicholipia ni mkono wako ujue.

Nne, chukua daftari. Andika jina la chakula, vitu vyake, utaratibu wake, na alama za kujua kwamba kimeiva: rangi, harufu, sauti. Andika siku hiyohiyo, kabla hujalala.

Tano, usiulizie mambo ya miaka ya njaa kama mtu anayeulizia bei ya samaki. Mwenye nyumba akitaka kukueleza, msikilize.

9. MASWALI NA KAZI YA NYUMBANI

Kikundi na kijibu maswali haya kwa pamoja, kisha kila mtu ayaandike majibu yake.

1. Kwa nini mto wa Tonle Sap hutiririka kinyume wakati wa masika?
2. Katika kutwanga kreungi, kwa nini vitunguu hutiwa mwisho?
3. Prahoki huwasaidiaje watu wasio na nyama?
4. Ni mambo gani yaliyofanya ujuzi wa kupika ukaribie kupotea kati ya mwaka 1975 na 1979?
5. Mgeni anaweza kusaidia mapishi ya nchi, na anaweza kuyaharibu. Elezeni yote mawili.

Kazi ya nyumbani ni hii. Mwendee mzee mmoja wa nyumbani kwenu au wa mtaani. Chagueni chakula kimoja ambacho vijana hawakipiki tena. Usimwombe akueleze tu. Mwombe mpike pamoja. Akisema "tia chumvi kiasi", mwambie aitie kwanza mkononi mwako, ipime kwa kijiko, uandike. Akisema "ngoja mpaka kinukie", nusa, kisha uandike kinanukia nini. Andika juu ya ukurasa jina la chakula, jina la mzee, na tarehe.

Wako kati yenu waliojifunza herufi mwaka huu huu. Msiseme kwamba mwandiko wenu haujawa mzuri. Mwandiko mbaya unaosomeka watosha kwa kazi hii. Leteni madaftari darasani, na mwalimu wa kikundi awape nafasi kila mmoja asome chakula chake kwa sauti.

Kwaherini, mpaka somo lijalo.